Mwongozo wa Kushikilia Hati za Mtu Mpaka Akulipe

Mwongozo huu ni wako wewe unayefungia karatasi za watu. Unajijua. Una duka la pembejeo Ifakara mjini, au stesheneri yenye mashine ya kutolea nakala, au pikipiki kadhaa barabarani, au unakopesha walimu, au ndiwe yule ambaye wanakijiji humwita "mtaalamu" kwa sababu unazijua ofisi za Morogoro na meza zake. Ndani ya meza yako kuna droo yenye kufuli. Humo kuna kadi za benki zilizofungwa kwa mpira, kadi za pikipiki, vyeti vya kidato cha nne katika bahasha za kaki, hati za kimila za mashamba ya huko Mngeta na Mlimba, na pengine pasipoti moja. Nyuma ya kila moja kuna deni, na kila mwenye deni hupita mlangoni na ombi lile lile: "Bosi, naomba karatasi yangu, hela utapata mpunga ukishavunwa."

Nataka kukufundisha kuzishika vizuri. Kubaki na hati za mtu mpaka akulipe ni haki ambayo sheria ya Tanzania inaitambua, nami sitaki kuidhoofisha, kwa sababu wapo watu waliofanya kazi ya kweli na hiyo ndiyo kinga pekee waliyo nayo. Lakini ni haki yenye masharti. Ukiyafuata yote kama nitakavyokueleza, jioni ya leo utakuwa na droo nyepesi sana, na hapo ndipo utakapojua kwamba umeifanya kazi sawasawa.

Anza na sheria yenyewe, maana wengi hushika kwanza na kuuliza baadaye. Sheria ya Mikataba ya Tanzania Bara ilitungwa mwaka 1961, mwaka ule ule wa Uhuru, na sehemu kubwa yake ilifuata Sheria ya Mikataba ya India ya 1872, iliyokuwa ikitumika hapa chini ya Waingereza. Inasema hivi kwa ufupi: wakala anaweza kubaki na mali na karatasi za aliyemtuma, alizozipokea kwa ajili ya kazi hiyo, mpaka alipwe kamisheni yake, gharama alizotoa na huduma aliyoifanya kuhusiana na mali hizo hizo. Kama mlikubaliana vinginevyo, makubaliano yenu ndiyo yanayosimama.

Soma tena taratibu, uone mambo yanayotakiwa kukutana. Lazima uwe wakala wake, mtu aliyekutuma ukamfanyie jambo. Lazima karatasi iwe imekufikia kwa ajili ya kazi hiyo. Na lazima deni liwe limezaliwa na kazi hiyo hiyo. Mtu akikutuma ufuatilie hati ya kiwanja chake, ukaifuatilia, ukatoa hela mfukoni, hakukulipa, unaruhusiwa kubaki na hati ile. Mtu yule yule akiwa na deni la mifuko ya mbolea dukani kwako, hati ile haihusiki hata kidogo. Deni la mbolea lina njia yake, na njia hiyo ni ya mahakamani.

Sasa fungua kufuli, mwaga kila kitu juu ya meza, tuzipitie moja moja.

Shika kwanza lile fungu la kadi za benki. Najua zilivyofika hapo. Mwalimu alikuwa na mgonjwa, au mtoto amechaguliwa kwenda shule ya bweni, au paa limechukuliwa na upepo; mshahara ulikuwa mbali, nawe ulikuwa karibu. Ulimpa hela, akakupa kadi na namba ya siri. Kila mwisho wa mwezi kijana wako anasimama kwenye mashine ya kutolea fedha na fungu hilo mkononi, anatoa sehemu yako, na kinachobaki, kama kipo, ndicho mwenye mshahara anachopelekewa. Watu wanaiita kausha damu, na jina hilo halikutungwa na adui zako, limetungwa na wateja wako.

Hapa haki ya wakala haipo kabisa, kwa sababu hujatumwa kazi yoyote. Wewe ni mkopeshaji. Kadi si mali yako wala si mali ya mwalimu: ni mali ya benki iliyoitoa, na mkataba wa benki unamtaka mteja asimpe mtu mwingine namba yake ya siri. Na kwa kuwa unakopesha, Sheria ya Huduma Ndogo za Fedha ya mwaka 2018 inakuhusu moja kwa moja. Imewagawa watoa huduma katika madaraja manne. Wakopeshaji wasiopokea amana, wakiwemo watu binafsi kama wewe, wako daraja la pili na wanatakiwa kuwa na leseni ya Benki Kuu ya Tanzania. SACCOS ziko daraja la tatu, na vikundi vya kuweka na kukopa vya kijamii daraja la nne. Kama huna leseni, kadi hizo ni ushahidi dhidi yako, umejiwekea mwenyewe na kuufungia kwa kufuli.

Kwa hiyo hatua ya kwanza ni hii: rudisha kadi zote wiki hii. Mpigie kila mwenye kadi, mwambie aje aondoke nayo, aende benki abadilishe namba ya siri siku hiyo hiyo, kisha mkae mezani muandike deni lililobaki bila riba juu ya riba. Mwalimu anayeenda kazini akiwa na mshahara wake mkononi ndiye atakayekulipa. Yule uliyemwachia nauli tu atakopa kwa mwingine ili akulipe wewe, na siku moja mtakuwa wakopeshaji wawili mnaogombania kadi moja.

Kadi za pikipiki ni jambo jingine, na ni haki kukutendea kwa tofauti hiyo. Kama pikipiki umenunua wewe na kadi imeandikwa jina lako, basi unashika karatasi yako mwenyewe. Kijana anaendesha kwa mkataba, anakuletea hesabu, na siku akimaliza mnakwenda Mamlaka ya Mapato kubadilisha jina. Huo ni mpango unaoeleweka, na vijana wengi wa Ifakara wamepata chombo kwa njia hiyo baada ya benki kuwakataa. Ninachokutaka ni mambo mawili. Kila anapoleta hesabu, mwandikie, ili siku ya mwisho isigeuke kuwa siku ya ubishi. Na akimaliza, hamisha jina bila kutafuta sababu. Bosi anayekumbuka ghafla tairi la mwaka juzi siku kijana anapomaliza mkataba ni mwizi, nami sioni jina jingine la kumpa.

Lakini leseni yake ya udereva na kitambulisho chake cha taifa vinafanya nini hapo mezani? Ulivichukua ili asikimbie. Kijana asiye na leseni mfukoni akisimamishwa njiani kuelekea Kidatu anaandikiwa faini, na hela ya faini ni ile ile ambayo ingekuwa hesabu yako ya siku. Umemfunga miguu, halafu unamlaumu kwa kuchelewa. Rudisha.

Vyeti vya shule sitavijadili sana. Cheti cha kidato cha nne kinatolewa na Baraza la Mitihani kwa mtahiniwa aliyekaa katika chumba cha mtihani akajibu maswali. Shule ni mahali kinapopitia. Ada haikulipwa na mzazi, cheti ni cha mtoto. Ukikizuia, unamzuia mtoto asiende chuo cha uuguzi wala cha ualimu, wala asiombe kazi ambayo mshahara wake ungelipa ada hiyo. Mdai mzazi. Mwite, mwandikishe ratiba ya malipo, mpeleke mahakamani ikibidi. Binti mwenye cheti kilichofungiwa kwa miaka anauza maandazi stendi akiwa na alama za kumpeleka mbali, na sijawahi kusikia kuwa deni hilo lililipwa na maandazi.

Pasipoti hiyo moja iondoe mezani kabla hatujaendelea. Ni mali ya Serikali ya Jamhuri ya Muungano, na mwenye picha ndani yake ndiye aliyekabidhiwa. Kama umemchukulia binti wa Bonde hili la Kilombero kwa sababu ulimlipia nauli na viza ya kwenda Muscat, na unamwambia hataipata mpaka deni liishe, fahamu uko upande gani. Shirika la Kazi Duniani limeorodhesha viashiria 11 vya kazi ya kulazimishwa, na kuzuia hati za utambulisho ni mojawapo. Deni analofungwa nalo mfanyakazi ni kingine. Mwaka 2017 Human Rights Watch ilichapisha ripoti nzima juu ya Watanzania wanaofanya kazi za ndani Oman na Falme za Kiarabu, na pasipoti zilizochukuliwa na waajiri na mawakala zimo humo kwa wingi. Mnyororo huo huanzia huku, kwenye droo kama hii. Mpe leo, wala usisubiri kesho.

Sasa tumefika kwenye hati za mashamba, na hapa naomba uketi.

Bonde la Kilombero lina historia yake na karatasi za ardhi. Kati ya mwaka 2016 na 2019, wilaya za Kilombero, Ulanga na Malinyi zilikuwa ndani ya programu ya Wizara ya Ardhi iliyoungwa mkono na Uingereza, Sweden na Denmark. Vijiji vilipimwa, mipaka ya mashamba ikatembelewa na majirani pamoja na wazee wanaojua mti uko wapi na mfereji ulipita wapi, na familia zikapewa hati za hakimiliki za kimila chini ya Sheria ya Ardhi ya Vijiji ya mwaka 1999. Kwa Wandamba na Wapogoro waliolima hapa tangu kwa babu zao, na kwa waliohamia baadaye kutafuta maji na malisho, ilikuwa mara ya kwanza jina la mtu, na mara nyingi jina la mke pamoja na mume, kuandikwa kwenye karatasi yenye muhuri kuhusu shamba lenyewe. Waliambiwa karatasi ile itawasaidia kukopa. Walikopa. Wengine walikopa kwako.

Naelewa hesabu ilivyokwenda. Mpunga wa mvua unataka fedha kabla haujatoa fedha: trekta la kulima, mbegu, vibarua wa palizi, mtu wa kuamia ndege. Mvua inaanza Desemba, mavuno yanakuja kuanzia Mei, na katikati hapo nyumba nyingi hazina kitu. Wewe unatoa fedha Januari, unachukua hati, mnakubaliana kulipana kwa magunia wakati wa mavuno, bei ikiwa imepangwa mpunga ukiwa bado kijani. Wakati wa mavuno bei iko chini kuliko wakati wowote wa mwaka, magunia hayatoshi, deni linavuka msimu, hati inabaki. Misimu miwili ya namna hiyo, nawe unaanza kuwaambia watu kuwa shamba ni lako.

Si lako. Kilicho mkononi mwako ni karatasi, na shamba liko palepale, limeandikwa katika rejesta ya kijiji na ya wilaya kwa jina la mwenyewe. Kuweka ardhi ya kimila rehani kuna utaratibu wake katika sheria ile ile ya 1999. Kuhamisha shamba kwa mtu asiye mkazi wa kijiji kunataka Halmashauri ya Kijiji iridhie. Na kama juu ya shamba hilo ipo nyumba ya ndoa, Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971 inasema mwenzi mmoja hawezi kuiuza wala kuiweka rehani bila ridhaa ya mwenzake. Ulipochukua hati kutoka kwa mume jioni kwenye baa, uliuliza mke amesema nini? Ulimwona mtendaji wa kijiji? Mliandika chochote zaidi ya namba ya simu nyuma ya bahasha?

Kwa hati hizi ufanye hivi. Mwite mkulima pamoja na mkewe, au mama pamoja na mumewe. Wape hati yao. Andikeni upya mkopo kama mkopo, na kiasi kisemwe kwa shilingi badala ya magunia, ili mkulima ashuke na kupanda na bei kwa hiari yake mwenyewe na aweze kuhifadhi mpunga mpaka Oktoba akitaka. Kama unataka dhamana ya ardhi, nendeni wote kijijini mkaifanye kama sheria inavyotaka, mbele ya watu wanaojua shamba ni la nani. Ukiona utaratibu huo ni mrefu mno kwa fedha uliyotoa, basi fedha uliyotoa ilikuwa ndogo mno kubeba shamba la mtu.

Tazama meza sasa. Kama umenifuata, zimebaki karatasi chache mno, na hizo ndizo zinazonihangaisha mimi, kwa sababu mwenye nazo ana haki na mara nyingi yeye ndiye anayeonewa.

Ni yule wakala wa kweli. Mtu wa Malinyi alimpa kazi ya kufuatilia hati ya kiwanja cha mjini. Zamani safari hiyo ilikuwa ni kusubiri kivuko pale Mto Kilombero. Tangu 2018 lipo Daraja la Magufuli, lenye mita 384, lakini bado kuna basi la kwenda Morogoro, bado kuna kulala nyumba ya wageni, na kwa miaka mingi kipande cha Ifakara hadi Kidatu, kilomita zisizofika 70, kilikuwa kikimla mtu nusu siku wakati wa masika. Wakala alilipa ada kwa namba ya malipo ya Serikali kutoka kwenye simu yake mwenyewe. Alirudi mara ya pili kwa sababu jina lilikosewa herufi moja. Alipoipata hati, mwenye hati alimwambia, "Kaka, nitumie kwanza kwa basi, hela nakuwekea kesho asubuhi." Akiituma, kesho haitakuja. Kila mtu Ifakara anayefanya kazi hii anaijua hiyo kesho.

Huyu abaki na hati. Ana haki ya mwaka 1961, na asimwonee mtu aibu. Ni vivyo hivyo kwa mhasibu aliyeandaa hesabu za AMCOS, chama cha ushirika cha wakulima, na hajalipwa: Mahakama ya Rufani ya Uingereza ilikubali mwaka 1976, katika shauri la Woodworth na Conroy, kwamba wahasibu wanaweza kubaki na karatasi walizozifanyia kazi mpaka walipwe kwa kazi hiyo. Ni vivyo hivyo kwa wakala wa forodha aliyelipia kodi ya matrekta ya mkono pale bandarini Dar es Salaam kwa fedha yake.

Ila kuna namna ya kushika, na hapa ndipo mawakala wema huharibu haki yao wenyewe.

Kabla ya lolote, andika mchanganuo. Nauli kiasi gani, ada kiasi gani na risiti yake, ujira kiasi gani kama mlivyokubaliana siku ile. Mpe mteja nakala. Mtu anayeshika hati bila kuweza kusema anadai shilingi ngapi hashiki kwa haki, anashika kwa kisirani. Ukidai laki mbili mwezi huu na laki tatu mwezi ujao kwa kazi ile ile, umeshaaminisha kila mtu, hata hakimu, kwamba hujui unachodai.

Usiongeze gharama ya kutunza. Najua ipo desturi ya "ada ya kuhifadhi" kwa kila mwezi hati inapokaa. Jambo hili lilishaamuliwa London mwaka 1860. Fundi wa meli aliishikilia meli iitwayo British Empire katika gudi yake kwa sababu hakuwa amelipwa matengenezo, kisha akadai pauni 21 kwa kila siku iliyokaa pale. Baraza la Mabwana, lililokuwa mahakama ya mwisho ya Uingereza, lilimkatalia: unaposhika mali kwa faida yako mwenyewe, ili ulipwe, gharama ya kuishika ni yako. Na kama meli nzima ndani ya gudi haikuweza kutozwa, hati ya kurasa chache ndani ya bahasha haiwezi.

Usiitumie. Usiiweke rehani kwa mkopo wako, usimwonyeshe mnunuzi, usitoe nakala ukampa jirani mwenye tamaa na kiwanja. Haki yako ni ya kubaki nayo tu. Huna haki ya kuiuza. Na itunze kama mtu mwenye busara anavyotunza mali yake mwenyewe, kwa sababu sheria inakupima kwa kipimo hicho. Hapa Ifakara maana ya hilo iko wazi: Mto Lumemo ukijaa, maji huingia majumbani, na droo ya chini ndiyo ya kwanza kunywa. Weka hati ndani ya mfuko wa plastiki, juu, mbali na mchwa. Ikiharibika kwa uzembe wako, wewe ndiye utakayedaiwa, na deni lako litaonekana dogo mbele ya lake.

Na siku akileta fedha yote ya kazi ile, haki yako inakufa saa hiyo hiyo. Anaweza kuwa bado anadaiwa mbolea, anaweza kuwa alikutukana msibani, anaweza kuwa amempigia kura mtu usiyempenda. Mpe hati yake.

Wenzangu wanasheria wana swali lao, nalo si dogo. Wakili anaweza kushika jalada la mteja asiyelipa? Desturi ya Uingereza inasema ndiyo, na wengi hapa hufuata hivyo. Lakini India, kwenye mzizi wa sheria yetu, Mahakama ya Juu ya nchi hiyo iliamua vingine mwaka 2000. Wakili alikuwa mshauri wa benki ya ushirika ya jimbo la Madhya Pradesh. Benki ilipoachana naye ikaomba majalada yake, akasema alipwe kwanza rupia 97,100. Mahakama ilisema hapana: majalada ya kesi si bidhaa ya kuuzika sokoni, na mtu mwenye shauri hawezi kuachwa mikono mitupu mbele ya hakimu kwa sababu ya ugomvi wa ada. Uamuzi huo haufungi mahakama zetu, ila unatafsiri maneno yanayofanana na yetu, na mimi nauona wa haki. Wakili ana njia ambayo wakala wa stendi hana: Kanuni za malipo ya mawakili za mwaka 2015 zinamruhusu kupeleka ankara yake ikakaguliwe na ofisa wa mahakama na kuamriwa alipwe. Aitumie. Mjane mwenye kesi ya shamba mbele ya Baraza la Ardhi na Nyumba anaweza kupoteza shamba kwa tarehe moja aliyokwenda bila karatasi.

Nawe mteja, ambaye umesoma mpaka hapa ukitikisa kichwa kwa furaha, una kurasa zako. Lipa. Kama wakala anakudai laki moja na nusu, nawe unakubali laki moja ila unabishia hamsini, mpelekee ile laki leo mbele ya shahidi, na ubishi ubaki kwenye hamsini. Mwombe mchanganuo kwa maandishi. Asipotoa, au akishika hati kwa deni lisilohusika, nenda kwa mtendaji. Baraza la kata litawapatanisha, ingawa tangu mabadiliko ya 2021 halitoi tena hukumu katika migogoro ya ardhi. Baada ya hapo ziko mahakama ya mwanzo kwa madeni na Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya kwa shamba. Kama huna fedha ya wakili, Sheria ya Msaada wa Kisheria ya mwaka 2017 imewatambua wasaidizi wa kisheria, na kazi yao ndiyo hii: wataketi nawe wakuandikie barua bila malipo.

Usiende polisi kuchukua taarifa ya kupotelewa na hati ambayo unajua iko wapi. Watu hufanya hivyo ili wapewe hati mpya, wakijiona wajanja. Unakuwa umesema uongo kwa maandishi, na yule uliyemkimbia deni anakuwa na silaha ambayo hakuwa nayo. Kadi ya benki ni tofauti: nenda tawini, sema ukweli kwamba kadi iko kwa mtu, waifunge, wakupe nyingine.

Imebaki hatua ya mwisho, nayo ni ya siku ya kurudisha. Watu wengi huifanya kwa kupeana mkono tu, na miezi sita baadaye mmoja anasema hakupewa na mwingine anasema hakulipwa. Andikeni. Maneno yanatosha kuwa haya:

"Ifakara, tarehe fulani. Mimi fulani nimemrudishia fulani hati namba hii ya kiwanja hiki, niliyoipokea kwake tarehe ile kwa kazi ya kufuatilia umiliki. Amenilipa shilingi kadhaa, ambazo ni malipo yote ya kazi hiyo. Sina hati nyingine yake wala nakala. Madeni mengine kati yetu, kama yapo, hayahusiani na hati hii."

Atie sahihi anayerudisha, atie sahihi anayepokea, asiyejua kuandika aweke dole gumba mbele ya shahidi anayemwamini yeye, siyo shahidi wako. Andikeni nakala mbili, na kila mmoja aondoke na yake.